Maji Yenye Mwisho

Kwa miaka tisa Hirsh Tumarkin alikuwa akitafuta waume waliopotea, na katika miaka yote hiyo hakupata kukutana na hata mmoja aliyezama kweli. Waliozama aliwakuta Malmö wakiuza samaki wa chumvi. Waliokufa kwa kifua kikuu aliwakuta Hamburg, wamenenepa, wana wake wapya na watoto wachanga. Aliyemwajiri kwa kazi hiyo ni kamati ya Wayahudi wa Copenhagen, na watu wa mtaa wa Adelgade, waliokimbilia huko kutoka Urusi kama yeye mwenyewe, walimwita Mnusa Waume. Wanawake walimkaribisha chai. Wanaume fulani wakimwona anaingia uani, walikumbuka ghafla kwamba wana shughuli kwingine.

Kwa hiyo asubuhi ile ya Aprili 1913, alipoketi katika chumba cha giza cha Kampuni ya Picha ya Taa Tatu, hakuja kuthibitisha kifo cha mtu. Alikuja kutafuta uwongo, na hakuona sababu ya kulificha hilo.

"Rudisha," alimwambia mpigapicha. "Pale anapoingia majini."

"Mara ya nne hii, Bwana Tumarkin. Hata ukitazama mara mia, atazama tu."

"Wewe rudisha."

Aksel Thorup, mtu mzima mwenye mashavu mekundu na vidole vilivyobabuka kwa dawa za kusafishia picha, akaguna, akaupachika tena mkanda kwenye mashine. Ukutani akatokea mwanamume mrefu mwembamba, amevaa koti zito la afisa lililofungwa toka shingoni mpaka magotini. Anaingia majini polepole. Maji yanamfika kiunoni, yanamfika kifuani. Anainua uso juu, anafumba macho, anakwenda chini. Baada ya hapo ni maji matupu, muda mrefu, mpaka mkanda unakwisha.

Huyo alikuwa Leyzer Zaks, mshona kofia kutoka Dvinsk. Pale kampunini hakuna aliyeshughulika na jina lake. Walimwita Mrusi, jina la nchi aliyoitoroka asije akaingizwa jeshini. Kazi yake ilikuwa moja tu, kufa. Watazamaji wa Denmark walitaka picha iishie harusini, lakini Warusi, wee, Warusi walikuwa hawaondoki ukumbini wameridhika mpaka mtu afe. Basi kampuni ilitengeneza kila picha kwa miisho miwili. Katika mkanda wa nyumbani, mchumba aliyekataliwa alionekana kisogo tu, kwenye umati wa wageni wa harusi. Katika mkanda wa Urusi, mchumba huyohuyo ndiye aliyefunga picha, kwa bastola, kwa sumu, chini ya treni. Leyzer Zaks alifanya kazi hiyo miezi kumi na minne, akafa mara kumi na tisa, na hakuna Mdenishi hata mmoja aliyewahi kumgeukia barabarani.

Aliyemjua alikuwa mkewe, Frume. Leyzer alimwacha Dvinsk miaka mitano nyuma, ndoa ina miezi minane, akiahidi kumwita akishapata pa kukaa. Zikaja barua mbili, kisha kimya. Siku moja jirani akamvuta Frume kwenda sinema, na mwisho wa picha akamwona mumewe amelala kwenye theluji na tundu la risasi kifuani. Tangu hapo hakukosa Jumapili hata moja. Kila mumewe alipokufa kwenye picha mpya, Frume alijua yu hai. Mwezi Januari ikaja ile ya kuzama, na baada yake haikuja nyingine.

Sasa Frume alikuwa Copenhagen, siku ya tano, anakula kwa watu. Kule Dvinsk alikuwapo mwoka mikate, Nokhem, mtu mwema aliyefiwa na mke, mwenye watoto wawili ambao tayari wanamwita Frume mama. Nokhem alikuwa tayari kumwoa hata kesho. Lakini kwa sheria ya Musa mwanamke hatoki kwenye ndoa ila kwa talaka itokayo mkononi mwa mume, au kwa ushahidi kwamba mume amekufa. Frume hakuwa na talaka, na hakuwa na maiti. Hakuwa mke, hakuwa mjane, na alishafika miaka ishirini na saba.

Taarifa ya polisi ilisema Leyzer alizama Oktoba, baharini, karibu na Dragør. Bahari ndiyo iliyoharibu kila kitu. Marabi husema bahari ni maji yasiyo na mwisho. Mtu akipotelea humo, mkewe hafunguliwi, maana nani ajuaye kama hakuibukia ufuko mwingine ambako hakuna jicho lililomwona?

Tumarkin alikuwa ameshika saa yake ya mfukoni, na safari hii hakumtazama mtu. Alitazama maji. Pale kichwa kilipozama palitokea mduara, ukapanuka, ukatoka nje ya picha upande wa kushoto. Akahesabu. Ilipofika sekunde ya ishirini na tisa, upande uleule wa kushoto vikaingia viwimbi vidogo vikielekea kulia.

"Simamisha."

"Nikisimamisha, taa itauunguza mkanda, na sisi pamoja nao. Hujui kitu hiki kinavyowaka."

"Basi rudisha tena. Mara ya mwisho."

Akahesabu tena. Ishirini na tisa. Akaifunga saa, akakigeuza kiti chake kumwelekea Thorup, na akamweleza taratibu, kama mtu anayemsomea mwenzake barua. Baharini wimbi likienda limekwenda. Hili lilikwenda, likagonga kitu, likarudi. Na kwa hesabu ile, jiwe au ukingo uliogongwa haukuwa mbali, pengine hatua thelathini. Sasa Bwana Thorup angependa kumwambia ni ukingo gani huo katikati ya bahari, au angependa kuwaambia polisi?

Thorup akaketi kwenye sanduku la mikanda na kuanza kukuna vidole.

Maneno yalipoanza kutoka, yalitoka yote. Wiki ile upepo ulivuma siku tatu mfululizo na bahari ilichafuka, haikufaa kupigwa picha. Mwongozaji, Lindegaard, hakuwa mtu wa kungoja upepo. Akawapakia watu kwenye gari la farasi, akawapeleka nje ya mji, njia ya Roskilde, kwenye shimo la udongo la kiwanda cha matofali, shimo lililoachwa likajaa maji. Waliingia kwa lango la nyuma bila ruhusa ya mtu. Leyzer alipaswa kutembea juu ya ukingo wa udongo, kuzama, kuhesabu mpaka thelathini na kuibuka. Hakuibuka. Askari alipokuja kampunini, Lindegaard alimpa karatasi ya siku ile ya kazi, na kwenye karatasi imeandikwa "bahari, Dragør", kwa sababu ndivyo hadithi ilivyotaka. Askari akanakili, akaaga.

"Na nyinyi mlitazama maji muda gani?" aliuliza Tumarkin.

"Mimi nilizungusha kamera mpaka mkanda ukaisha. Lindegaard alitaka maji yatulie."

"Baada ya mkanda kuisha."

"Wawili waliingia na miti, wakachokoachokoa. Robo saa, labda. Halafu mtu akasema mlinzi anakuja." Thorup alitazama sakafu. "Tulikuwa watu kumi na wanne, Bwana Tumarkin. Hakubaki hata mmoja."

Tumarkin akaandika: watu kumi na wanne, robo saa. Akauliza kama Mrusi alikuwa na sababu ya kujitupa. Thorup akacheka bila furaha. Alisema kampuni ilikuwa inaacha kupiga miisho ya Urusi. Moscow sasa wana makampuni yao. "Warusi wamejifunza kufa wenyewe. Ile ilikuwa ya mwisho, na yeye alijua."

Mtu wa pili kuhojiwa alikuwa Bodil Krogh, mtunza mavazi wa kampuni, aliyekuwa ghalani anapiga pasi sketi za malkia. Tumarkin hakumtisha huyu, hakukuwa na haja. Mama Krogh alikuwa amekaa na jambo hilo tangu Oktoba na alilitoa kabla hajaulizwa. Ni yeye aliyetia vipande vya risasi, vile wavuvi wanavyozamishia nyavu, kwenye upindo wa koti, ili mtu azame vizuri bila koti kuelea juu kama mwavuli. Na ni yeye aliyelishona koti mwilini mwake, mbele yote, toka shingoni mpaka magotini, lisije likafunguka majini.

"Ulimshona ndani ya koti lenye risasi," alisema Tumarkin.

"Nilimshona hapahapa, amesimama pale. Hata alinielekeza. Aliniambia, Mama Krogh, tumia ule uzi mwembamba wa pamba, unakaa vizuri zaidi kwenye picha." Akajifuta pua kwa kiganja. "Halafu akapanda gari, akakaa nyuma kabisa peke yake, shuka begani. Alisema asisemeshwe, anajiandaa kufa. Walicheka wote."

Mama Krogh alikumbuka na jambo jingine, ingawa hakuliona kubwa. Kama wiki moja kabla ya siku ile ilifika barua yenye stempu za Urusi. Juu ya bahasha paliandikwa kwa Kijerumani: Kwa mwanamume anayekufa mwishoni. Ilibandikwa ubaoni siku nzima, kila mtu akapita kuicheka, mpaka yeye mwenyewe alipokuja kuichukua. Aliisoma amesimama. Hakusema ilitoka kwa nani.

Tumarkin aliondoka pale akitembea haraka kuliko kawaida yake. Kwa mara ya kwanza katika miaka tisa alikuwa na mume aliyekufa kweli, na maiti aliyekuwa mahali panapojulikana. Mtu ameshonwa ndani ya koti zito, ametiwa risasi kwenye upindo, ametupwa shimoni na kuachwa hapo na kampuni iliyokuwa na haraka ya kurudi mjini kula. Alifurahi. Aliona haya kufurahi, lakini alifurahi.

Rabi Kalmen alimsikiliza mpaka mwisho, ndevu mkononi. Alimuuliza maswali mawili tu. La kwanza, je, mtu akisimama ukingoni anaona kingo zote za shimo hilo? Tumarkin akasema bila shaka. Basi hayo ni maji yenye mwisho, akasema rabi, na hukumu yake ni nyingine kabisa. La pili, je, kuna shahidi aliyesimama akiyatazama muda wa kutosha roho kutoka, tuseme saa tatu, na asimwone akiibuka?

"Hakuna, Rabi. Walikimbia baada ya robo saa."

Rabi akafumba macho. Angesimama mtu mmoja tu, alisema, hata mwenda wazimu mwenye akili ya kutosha kutazama maji, Frume angekuwa mjane tangu Oktoba. Kwa kuwa hakusimama mtu, hakuna njia nyingine: maji yatolewe, maiti aonekane, na mashahidi wawili waape. Mmoja awe Tumarkin. Wa pili awe mzee Berl, mshika funguo wa sinagogi.

Msimamizi wa kiwanda cha matofali, Madsen, alikasirika kwanza kwa sababu watu waliingia kwake bila ruhusa, kisha akakasirika zaidi aliposikia kwamba huenda kuna mtu amelala shimoni mwake tangu Oktoba na wafanyakazi wake wamekuwa wakinawia maji hayo. Lakini shimo lingeanza kuchimbwa tena Mei, pampu ya mvuke ilikuwa tayari ipo, na akasema heri aijaribu sasa. Pampu ilipiga siku mbili.

Siku zote mbili Frume alikuwa pale. Hakuna aliyemwita, alikuja na kitambaa cha kitani, akaketi juu ya rundo la matofali mabovu, akawa anashona sanda. Alikuwa mwanamke mdogo wa mwili, mwenye mikono mikubwa, na hakupenda kuongeleshwa. Mzee Berl alimletea mkate na yai la kuchemsha. Alikula yai, mkate akamrudishia. Mara moja tu alimuuliza Tumarkin kitu: kama kweli watu wa hapa hawakumjua mumewe. Tumarkin akamwambia hawakuwahi kumwona uso. Frume akasema kule Dvinsk wanawake walikuwa wakimpa yeye, Frume, leso, na mwenye sinema alimwekea kiti chake, kiti cha tatu kutoka mlangoni.

Siku ya pili, saa sita mchana, maji yalibaki dimbwi tu katikati. Vibarua wawili wakashuka na kulabu ndefu. Wakatoa gurudumu. Wakatoa mbwa aliyebaki mifupa, amefungwa jiwe shingoni. Kisha kulabu ikashika kitu kizito, wakavuta, na koti likatoka topeni.

Tumarkin alishuka mwenyewe kulipokea. Lilikuwa zito kama gunia la mchanga, risasi zote ziko mahali pake. Mikono ilikuwa mitupu. Kola ilikuwa tupu. Alilifungua mbele, akatazama, na kidole gumba chake kikatua juu ya mshono na kubaki hapohapo. Vibarua walichokoa dimbwi lile pembe zote kwa muda mrefu, wakaligeuza tope mpaka chini kwenye udongo mgumu. Hakukuwa na kitu kingine.

Mzee Berl alishuka nyuma yake akichechemea, akatazama koti, akatazama tope, na akasogeza mdomo karibu na sikio la Tumarkin.

"Koti ni lake au si lake?"

"Ni lake."

"Basi mwenye koti yuko humu. Tope limemla. Nusu mwaka, Hirsh, na samaki, na panya wa majini. Mimi nina miaka sabini na nne, macho yangu mabovu. Naona mfupa pale. Wewe huuoni?"

Miaka tisa Tumarkin alikuwa akiwafichua waongo, na sasa alisimama na uwongo ambao ungemfungua mwanamke mmoja, na alichotakiwa kufanya ni kutoinua kidole gumba.

"Hebu nione," alisema Frume. Alikuwa ameshuka bila wao kumsikia, sketi imejaa udongo mpaka magotini.

"Ni chafu, mama. Ngoja lioshwe."

"Nimesema nione."

Akalichukua, akaketi nalo papo hapo kwenye udongo, akalilaza mapajani kama mtu anayepokea kazi dukani. Alipitisha ukucha kwenye ukingo wa mbele, toka juu mpaka chini, bila haraka.

"Nani alishona?"

"Mama mmoja wa kampuni."

"Anashona vizuri." Ukucha ulirudi juu, ukapita tena. "Aliyefumua naye anajua kazi."

Tumarkin alikuwa ameshaona. Aliona tangu koti lilipotoka topeni. Mishono iliyoraruka ilikuwa na nyuzi zilizovutika, ndefu, zimechanika ovyo. Lakini haikuraruka yote. Mmoja ulikuwa umekatwa kwa ncha kali, safi kabisa, unaofuata umeraruka, unaofuata umekatwa. Hivyo hivyo mpaka magotini. Mishono iliyobaki ilitosha kulishika koti mtu akitembea, na haikutosha kulishika mtu akilivuta kwa mikono miwili. Hakuna anayezama akapata nafasi ya kuruka mshono. Kazi ile ilifanywa kukavu, chini ya shuka, nyuma ya gari la farasi, na mtu aliyekuwa anajiandaa kufa.

"Ndivyo tunavyofumua bitana ya kofia," alisema Frume. "Unakata mmoja, unaacha mmoja, ili isitawanyike kabla hujataka mwenyewe. Tulikaa meza moja miezi minane." Akainua uso. Kule ng'ambo ya shimo, nyuma ya matete, palikuwa na njia nyembamba inayopanda kwenda barabarani, na aliitazama njia hiyo kwa muda. "Barua yangu ilifika?"

"Barua gani, mama?"

"Usinifanye mtoto, Bwana Tumarkin."

"Ilifika."

"Lini?"

"Wiki moja kabla."

Frume akatikisa kichwa kukubali, kama mtu aliyeambiwa treni imeshaondoka. Alisema aliandika kwamba ameshajua aliko, na kwamba anakuja. Hamdai kitu, hamlaumu kwa kitu. Ampe talaka au amchukue, achague yeye, na lolote atakalochagua yeye Frume atalipokea.

"Basi amechagua," alisema.

Mzee Berl alianza kulia, machozi ya hasira ya kizee. Akamwambia mwanangu, sikiliza, tupo watatu tu hapa, hawa vibarua hawajui sheria yetu wala lugha yetu. Mimi naapa kwa furaha. Dhambi nitabeba mimi, nina muda mfupi wa kuibeba. Nani atajua?

"Mimi," alisema Frume. "Na yeye. Siku moja atachoka kufa, atajitokeza mahali. Nikiwa nimezaa kwa Nokhem, mtoto huyo ataitwa haramu yeye na kizazi chake, hakuna nyumba ya Wayahudi itakayomwoza. Unataka alipe mtoto?"

Frume akasimama, akalirudisha koti mikononi mwa Tumarkin, akapanda juu kwenye rundo la matofali. Pale alichukua sanda, akaanza kuikunja, pembe kwa pembe, kitani safi ambacho bado kingeweza kuwa shuka.

Kesho yake asubuhi alikuja Adelgade, kwenye jiko la Tumarkin, ambalo ndilo lilikuwa ofisi yake. Alikunywa chai na kipande cha sukari kati ya meno, na hakuonekana kama aliyelala. Tumarkin akamweleza utaratibu. Lilikuwapo gazeti la Warsaw lililosomwa na Wayahudi mpaka London na New York, na kila wiki gazeti hilo lilitoa ukurasa mzima wa waume waliotoroka, kila mmoja na picha yake, jina, umri, kazi, alama za mwilini. Watu hukata ukurasa ule na kuubandika madukani. Tumarkin alisema amewahi kuwapata watu saba kwa njia hiyo. Hakusema ni saba kati ya wangapi.

Picha ndiyo iliyokuwa shida. Frume hakuwa nayo. Lakini Thorup, ambaye pengine dhamiri ilimsumbua, alikuwa ameleta bahasha nene kutoka kampunini: picha zote za Mrusi zilizokuwamo kabatini, zile walizobandika kwenye milango ya sinema za Urusi. Tumarkin akazipanga mezani, safu tatu. Leyzer Zaks kwenye theluji. Leyzer Zaks kwenye reli. Leyzer Zaks kitandani, chupa ya sumu imemtoka mkononi. Leyzer Zaks kwenye jeneza, maua kifuani. Zilipigwa zote mwisho wa kazi, wakati amelala kimya na kamera haitikisiki, na katika zote hizo hakuna hata moja ambamo amefumbua macho.

"Ndizo tulizonazo," alisema Tumarkin. "Tunamtafuta mtu aliye hai, na hizi ndizo tulizonazo."

Frume alizipitia moja moja. Nyingine alizijua, na kwa hizo aliitaja wiki aliyoiona na jinsi hali ya hewa ilivyokuwa. Mwisho alivuta ile ya kitandani. Ndiyo inayofanana naye zaidi, alisema. Hivyo ndivyo alivyokuwa asubuhi, kabla hajamwamsha.

Tumarkin akachovya kalamu, akaanza kujaza. Zaks, Leyzer, mwana wa Mordkhe. Miaka thelathini na moja. Mrefu, mwembamba. Kwenye nafasi ya kazi akaandika mwigizaji wa picha za sinema.

Frume alikuwa akiyasoma maandishi kichwa chini miguu juu, kutoka upande wake wa meza. Akaweka kidole juu ya maneno yale kabla wino haujakauka.

"Futa hapo."

"Nimeandika hivyo makusudi, mama. Huenda kuna mtu London au Warsaw aliyeona sinema zake, atamkumbuka."

"Mwigizaji alikufa, nimemwona kwa macho yangu," alisema Frume. "Ninayemtafuta mimi ni mshona kofia."